Féral Benga: Mcheza Densi wa Dakar Aliyebaki Kuwa Jina la Kazi za Wengine

Mwaka 1935 mchongaji wa Kimarekani Richmond Barthé alikamilisha sanamu ya shaba nyeusi yenye kimo cha karibu nusu mita, ambayo leo inahesabiwa miongoni mwa kazi bora za kizazi cha wasanii Weusi wa Harlem. Inamwonyesha mwanamume kijana, uchi, ambaye kiwiliwili chake kimepinda mithili ya upinde uliovutwa. Mkono mmoja umeinuka na kupita juu ya kichwa ukiwa umeshika panga, kichwa kimelegea upande, na macho yanaonekana kama yamefumbwa. Hakuna adui mbele yake. Panga lile halikuinuliwa ili likate kitu, bali linamalizia mstari ulioanzia chini, ukapanda kwenye paja, ukazunguka kiuno na kutokea begani. Barthé alimwona mtu huyu Paris mwaka 1934, na alipokwisha kumchonga aliipa sanamu jina lake: Feral Benga.

François Benga, aliyejulikana jukwaani kama Féral Benga, alizaliwa Dakar mwaka 1906 na kufariki Châteauroux, mji ulio katikati ya Ufaransa, mwaka 1957. Katika maisha hayo ya miaka hamsini na ushei alicheza kwenye ukumbi mashuhuri kuliko yote ya burudani mjini Paris, akaonekana katika filamu ambayo wanafunzi wa sinema wanaitazama hadi leo, akasafiri Afrika Magharibi kutafuta ngoma za kupeleka jukwaani, na baada ya Vita Kuu ya Pili akafungua ukumbi wake mwenyewe. Hata hivyo, ukimtaja leo mbele ya watu wanaofuatilia historia ya densi, wengi watajikuna kichwa, na wachache watakaolikumbuka jina watasema kwamba ni sanamu. Uchambuzi huu unashughulikia swali hilo moja: ilikuwaje mtu aliyetazamwa kiasi hicho akajulikana kidogo hivyo? Nitakalolitetea ni kwamba soko la burudani la Ulaya lilikuwa tayari kumlipa Benga kwa umbo lake, lakini halikuwa tayari kumlipa kwa ujuzi wake, na kwamba kila alipojaribu kuwa mwenye kazi badala ya kuwa kielelezo cha kazi, kazi ile ilitoka chini ya jina la mtu mwingine.

Inafaa kuanza na mahali alikotoka, kwa sababu jukwaa la Paris lilipasahau kwa makusudi. Dakar ya mwaka 1906 haikuwa kijiji cha msituni. Ilikuwa makao makuu ya Afrika Magharibi ya Kifaransa tangu mwaka 1902, ilikuwa na bandari, na reli ya kuiunganisha na Saint-Louis ilikuwa imefunguliwa mwaka 1885. Pamoja na Saint-Louis, Gorée na Rufisque, ilikuwa mmoja wa ile miji minne ambayo wenyeji wake walipiga kura na kumpeleka mbunge Paris. Mwaka 1914 walimchagua Blaise Diagne, Mwafrika Mweusi wa kwanza kuingia katika Bunge la Ufaransa, na kwa sheria ya tarehe 29 Septemba 1916 wenyeji wa miji hiyo na vizazi vyao walithibitishwa kuwa raia wa Ufaransa. Kwa hiyo kijana aliyefika Paris katikati ya miaka ya 1920 alikuwa mtoto wa mjini kwa maana kamili ya neno hilo, aliyekulia kati ya meli, ofisi na siasa za uchaguzi. Ni muhimu msomaji abaki na picha hii kichwani anapoingia nasi kwenye ukumbi ambako mtoto huyo wa mjini aliajiriwa ili awe mtu wa mwituni.

Paris ya wakati huo ilikuwa na njaa ya kila kilichoitwa cha Kiafrika. Mwaka 1924 ulifunguliwa ukumbi wa dansi wa barabara ya Blomet, ambako watu wa Martinique na Guadeloupe walicheza biguine na Wazungu wakaja kuwatazama. Tarehe 2 Oktoba 1925 kundi la Wamarekani Weusi lilianza maonyesho yake katika Théâtre des Champs-Élysées, na humo Josephine Baker, msichana wa Saint Louis, Missouri, ambaye hakuwahi kuikanyaga Afrika, akapata umaarufu wa usiku mmoja kwa densi iliyotangazwa kuwa ya kishenzi. Mwaka uliofuata alichukuliwa na Folies Bergère.

Folies Bergère, iliyoko barabara ya Richer, ilikuwa kiwanda. Paul Derval, aliyeiongoza tangu mwishoni mwa Vita Kuu ya Kwanza, aliuza onyesho la aina moja: mfululizo mrefu wa vipande vya muziki, densi, vichekesho na wanawake waliovaa manyoya au wasiovaa kitu, kila kipande kikiwa na mandhari yake na mavazi yake, bila hadithi moja ya kuviunganisha. Derval aliamini bahati ya namba, hivyo majina ya maonyesho yake yalikuwa na herufi 13 na ndani yake mlikuwa na neno lenye maana ya wazimu. Mwaka 1926 lilikuwa La Folie du Jour, mwaka 1927 Un Vent de Folie, na ukihesabu herufi utaona hakukosea. Katika onyesho la 1926 Baker alikuwa Fatou, msichana wa porini anayeshuka kutoka kwenye tawi la mti huku mvumbuzi wa Kizungu amelala na wanaume Weusi wanapiga ngoma. Sketi ya ndizi ilizaliwa hapo. Benga alikuwa miongoni mwa wacheza densi wa ukumbi huo katika miaka ya Baker, na alicheza pamoja naye.

Kipande katika onyesho la namna hiyo huchukua dakika chache. Mcheza densi hajengi tabia ya mhusika, hasimulii jambo lenye mwanzo na mwisho. Anaingia, taa inampata, anapaswa kueleweka kabla hajachukua hatua ya tatu. Ndiyo maana vazi linatangulia densi. Mwanamume Mweusi aliyepewa kibwebwe kiunoni, bangili mikononi na panga alikuwa amekwisha kuelezwa kwa mtazamaji kabla hajacheza, na maelezo yale hayakutoka Dakar, yalitoka kwenye mabango ya Paris yenyewe, likiwamo lile la manjano la unga wa kakao lenye askari wa Senegali anayechekelea, ambalo lilikuwa ukutani tangu mwaka 1915. Hata jina la jukwaani la Benga lilifanya kazi hiyohiyo, maana féral ni neno linalonukia mwitu. Kilichobaki kwa mcheza densi mwenyewe ni kile ambacho hakuna bango lingeweza kukitoa: namna ya kulibeba panga lile. Na hapo, nikitazama picha alizopigwa na Waléry, mpiga picha wa kumbi za burudani za Paris, naona mtu anayeijua kazi yake vizuri sana. Mabega hayajakakamaa. Uzito wa mwili umewekwa pahali pake. Anasimama mbele ya kamera kwa utulivu wa mtu aliyekwisha kuamua jinsi atakavyotazamwa, na utulivu huo hauna chochote cha ushenzi.

Katika kumbi za dansi za kwetu tungemwita mnenguaji, na msomaji aliyekulia kwenye maonyesho ya bendi anaifahamu hali yake: mnenguaji ndiye macho ya watu yanayemfuata usiku kucha, lakini jina linaloandikwa kwenye rekodi ni la mwimbaji. Tofauti kati ya Benga na Baker imo humo kwa sehemu kubwa. Baker alianza kurekodi nyimbo mwaka 1926. Sauti yake ikaingia kwenye gramafoni na redio, ikafika majumbani mwa watu ambao hawakuwahi kununua tiketi ya Folies Bergère. Mwezi Desemba mwaka huohuo alifungua kilabu chenye jina lake, na alikuwa na meneja, Pepito Abatino, aliyefanya kazi ya kulijenga jina hilo mchana na usiku. Mcheza densi asiyeimba hana kitu cha kuuza nje ya ukumbi isipokuwa picha yake, na picha ina tabia mbaya moja: ni mali ya aliyeipiga.

Jambo hilo lilimfuata Benga hata alipotoka kwenye kumbi za burudani na kuingia miongoni mwa wasanii. Mwaka 1930 Jean Cocteau, mshairi na msanii wa Kifaransa, kwa fedha za mfadhili wa sanaa mpya Charles de Noailles, alitengeneza filamu yake ya kwanza, Le Sang d'un poète, iliyoonyeshwa hadharani Paris mwezi Januari 1932. Benga yumo katika sehemu ya mwisho. Mtoto wa shule amepigwa kwa bonge la theluji na amelala amekufa uani. Juu ya mwili wake imewekwa meza, na mshairi anacheza karata na mwanamke mwenye mavazi ya kifahari huku watu wa tabaka la juu wakitazama kutoka roshani. Mshairi ameiba ree ya kopa, yaani karata yenye moyo mmoja mwekundu, kutoka kwenye koti la mtoto. Ndipo anapotokea malaika mlinzi wa mtoto, ambaye ni Benga, mwili wake uking'aa, mabawa ya waya mgongoni, akitembea kwa kuchechemea. Anajilaza juu ya mtoto, mtoto anatoweka chini yake, kisha anachukua karata ile kutoka mkononi mwa mshairi na kuondoka alikotoka. Bila karata hiyo mshairi amekwisha kushindwa, na anajiua.

Nimeirudia sehemu hii mara nyingi, na kila mara jambo linalonishika ni kule kuchechemea. Cocteau alikuwa na mcheza densi mwenye mwili uliosifiwa mji mzima, akamwomba atembee kama mwenye kasoro mguuni, na Benga akaibeba kasoro ile kwa uangalifu hadi ikawa alama ya huzuni na si ya udhaifu. Hasemi neno. Hachezi densi. Lakini ndiye peke yake katika uwanja ule anayefanya tendo la haki: anamwondoa mtoto na anarudisha kilichoibwa. Filamu hiyo haikumtoa kabisa katika fikra za wakati wake, kwa kuwa malaika Mweusi asiyesema ni kielelezo kingine cha Mwafrika wa fumbo, lakini kwa dakika zile chache alipewa kazi inayohitaji akili ya mwigizaji, naye aliiweza. Hiyo ndiyo hoja yangu dhidi ya wanaoweza kudhani kwamba Benga alisahaulika kwa sababu hakuwa na kipaji cha kutosha.

Baada ya filamu hiyo akawa mtu wa kuchorwa, kuchongwa na kupigwa picha. Barthé ndiye huyo tuliyeanza naye. Mwaka 1937 Benga alipigwa picha na Carl Van Vechten, aliyekusanya sura za wasanii Weusi wa zama zake, na George Platt Lynes pia alimpiga picha. Wengi wa wanaume hawa, Cocteau akiwamo, walikuwa wanaume waliopenda wanaume, na uzuri wa mwili wa kiume ulikuwa kwao jambo la sanaa na la moyo kwa pamoja. Tukilificha jambo hili hatutaelewa kwa nini picha za Benga zilitunzwa kwa upendo mkubwa hivyo, na kwa nini zilitunzwa zaidi kama picha za mwili kuliko kama kumbukumbu za densi. Katika makumbusho, kibao cha sanamu kina majina mawili. La Barthé liko mahali pa mtunzi. La Benga liko mahali pa kichwa cha kazi.

Mwaka 1931, kati ya Mei na Novemba, Ufaransa ilifanya Maonyesho ya Kikoloni katika msitu wa Vincennes, na tiketi zaidi ya milioni 30 ziliuzwa kwa watu waliokuja kutazama makoloni yakiwa yamejengwa upya pembeni mwa Paris, pamoja na watu walioletwa kucheza na kufanya kazi za mikono mbele ya wageni. Ushindani wa nani anayeionyesha Afrika ya kweli ulikuwa umefika pabaya. Mtu wa jukwaani aliyezaliwa Dakar, aliyekuwa akicheza Uafrika uliotungwa na mafundi wa barabara ya Richer, alikuwa na sababu ya kujiuliza anajua nini hasa kuhusu ngoma za bara lake. Benga alijiuliza, na akatenda. Mwaka 1934 alisafiri Afrika Magharibi pamoja na Mwingereza Geoffrey Gorer, ambaye baadaye alijulikana kama mwanaanthropolojia. Nia ya Benga ilikuwa kujifunza ngoma za watu mbalimbali ili aunde kundi la densi la Kiafrika la kucheza katika kumbi za Ulaya. Walianzia Senegali, wakaelekea mashariki na kusini hadi Dahomey, nchi ambayo leo ni Benini, na kurudi.

Safari ile ni sehemu yenye uzito zaidi katika maisha yake, na pia ndiyo inayouma zaidi. Kwanza, ilimtoa mtu wa miji minne na kumpeleka katika nchi za watu waliokuwa chini ya Ufaransa bila uraia, ambako kodi ya kichwa, kazi za shuruti na adhabu za kiutawala bila mahakama vilikuwa mambo ya kila siku. Kule ngoma haikuwa kipande cha dakika chache. Kiswahili kina bahati ya kuwa na neno moja, ngoma, linalobeba chombo, mchezo na shughuli yenyewe, kwa hiyo msomaji wa Kiswahili halazimiki kuelezwa kwamba mchezo wa mavuno, wa jando au wa msiba haujitoshelezi bila mavuno, jando au msiba. Benga aliyekwenda kukusanya hatua za miguu alikutana na shughuli nzima, na mahali pengine alikutana na jamii zilizochoshwa na kazi za shuruti kiasi cha kutobaki na nguvu ya kucheza.

Pili, kulikuwa na swali la ufundi ambalo kila aliyewahi kuipeleka ngoma jukwaani analijua. Ngoma nyingi huchezwa katika duara, na watazamaji ni sehemu ya duara hilo: wanapiga makofi, wanaitikia, wanaingia kati na kutoka. Jukwaa la Ulaya lina uso mmoja, pazia, na watu waliokaa gizani kimya. Ukilifungua duara ili wanaolipa waone, mpigaji ngoma na mchezaji hawatazamani tena, na mazungumzo kati ya mkono na mguu, ambayo ndiyo roho ya mchezo, yanapungua. Ukiliacha duara lilivyo, mtazamaji anaona migongo. Anayeweza kuamua lipi lipotee na lipi libaki ni mtu anayezijua pande zote mbili kwa mwili wake, na katika Paris ya mwaka 1934 watu wa namna hiyo walihesabika kwa vidole vya mkono mmoja. Benga alikuwa mmojawao: alijua taa ya Folies Bergère inapiga wapi, na sasa alikuwa amesimama ndani ya duara.

Matunda ya safari hiyo yaliyofika kwa umma yalikuwa kitabu cha Gorer, Africa Dances, kilichotoka London mwaka 1935. Ni kitabu kinachoushutumu waziwazi utawala wa Kifaransa, na Gorer hakumficha mwenzake: Benga ametajwa na kuelezwa humo, na wazo la safari ya ngoma limetambuliwa kuwa lake. Sina sababu ya kumlaumu Gorer kwa kuandika, mwandishi anaandika. Lakini tazama matokeo. Wawili walikwenda, mmoja akiwa na kalamu na mchapishaji, mwingine akiwa na mwili wake na nia ya kuunda kundi. Kalamu inahitaji karatasi. Kundi linahitaji wachezaji ishirini, wapigaji ngoma, nauli ya meli, vibali, malazi, ukumbi wa mazoezi na mtu wa kulipa vyote hivyo kwa miezi kabla tiketi ya kwanza haijauzwa. Katika miaka ya kushuka kwa uchumi iliyofuatia 1929, mcheza densi wa kulipwa kwa onyesho hakuwa na fedha hizo, na vita vya 1939 vilipofika, kundi lile bado lilikuwa wazo.

Kwamba wazo lenyewe lilikuwa sahihi, watu wengine walilithibitisha. Mwaka huohuo wa 1934, mjini New York, Asadata Dafora wa Sierra Leone alionyesha Kykunkor, mchezo wa jukwaani uliojengwa juu ya ngoma za Kiafrika, na ukajaza watu. Mwaka 1935 Katherine Dunham, Mmarekani Mweusi aliyekuwa akisomea anthropolojia, alikwenda Jamaika, Haiti, Martinique na Trinidad kujifunza ngoma, akarudi, akaunda kundi, na mwaka 1948 akaliteka jiji la Paris katika Théâtre de Paris. Ulinganifu wa Dunham na Benga unatufundisha mengi kuliko ule wa Baker, kwa sababu wao wawili walikuwa na mpango mmoja kwa tofauti ya mwaka mmoja. Dunham alikwenda na ufadhili wa mfuko wa Rosenwald na barua za chuo kikuu, na maandishi yaliyotokana na safari aliyaandika mwenyewe. Benga alikwenda na rafiki mwandishi. Siamini kwamba tofauti ya vipaji inaweza kueleza pengo lililokuja kuwapo baina yao. Taasisi zinalieleza vizuri zaidi.

Vita vilipokwisha sheria zilibadilika haraka. Mwezi Aprili 1946 kazi za shuruti zilifutwa katika makoloni ya Ufaransa kwa sheria iliyobeba jina la Félix Houphouët-Boigny, na mwezi Mei sheria ya Lamine Guèye ikatangaza wenyeji wote kuwa raia. Wanafunzi kutoka Afrika waliongezeka Paris. Mwaka 1947 Alioune Diop, mtoto wa Saint-Louis, alianzisha jarida la Présence Africaine, na mwaka huohuo Féral Benga, mtoto wa Dakar, akafungua ukumbi wa chakula na burudani katika barabara ya la Harpe, mtaa wa wanafunzi upande wa kushoto wa mto Seine. Akauita La Rose Rouge, yaani Waridi Jekundu. Mgeni alikula chakula, kisha akatazama ngoma zikichezwa na Waafrika vijana chini ya uongozi wa Benga.

Watu hupenda kuliweka jarida la Diop katika historia ya fikra na ukumbi wa Benga katika historia ya starehe. Naona si haki. Hatimaye, miaka 13 baada ya safari yake, Benga alikuwa na chumba ambamo yeye ndiye aliyeamua nani acheze, avae nini, acheze kwa muda gani na ngoma ikae upande upi. Chumba kidogo kina faida yake: mtazamaji anakaa hatua chache kutoka kwa mchezaji, jasho linaonekana, na lile duara lililovunjwa na jukwaa kubwa linaweza kurudi kwa kiasi fulani, kwa sababu meza zenyewe zinakuwa ukingo wake. Aliyekuwa akishikishwa panga na fundi wa mavazi sasa ndiye aliyelikabidhi, au kuamua lisikabidhiwe.

Lakini jina likahama. Katika ukumbi uleule walianza kufanya kazi vijana wa tamthilia, akiwamo Nikos Papatakis, aliyezaliwa Addis Ababa kwa baba Mgiriki na mama Mhabeshi. Mwaka 1948 Papatakis na wenzake waliifungua Rose Rouge nyingine, chini ya ardhi, katika barabara ya Rennes, na ndiyo iliyokuja kuwa mashuhuri: humo waliimba Frères Jacques na Juliette Gréco, humo zikachezwa tamthilia fupi zilizozungumzwa mji mzima, na humo ndimo vitabu vinamopeleka msomaji vinaposimulia Saint-Germain-des-Prés, mtaa wa wasanii wa Paris, ya baada ya vita. Ukumbi wa barabara ya la Harpe umebaki sentensi moja katika utangulizi wa sura hizo. Papatakis alikuwa msanii wa kweli na kazi yake haihitaji kupunguzwa ili ya Benga ionekane. Ninachokisema ni kwamba kwa mara ya tatu, baada ya sanamu na kitabu, kitu kilichoanzia kwa Benga kilikuwa kinajulikana kwa mtu mwingine, na safari hii kilichoondoka kilikuwa jina alilolichagua yeye.

Mnamo 1950 alijitokeza mjini Paris Keita Fodéba, kijana wa Siguiri nchini Guinea, aliyekuwa amekwenda huko kusoma, akaunda kundi lililokuja kuitwa Les Ballets Africains. Kile ambacho Benga alikitaka mwaka 1934, Fodéba alikipata: wachezaji wengi, wapigaji ngoma mahiri, ziara za Ulaya na Marekani. Guinea ilipojitenga na Ufaransa mwaka 1958, kundi likawa la taifa, likapata mshahara wa serikali, pasi za kusafiria na bendera. Fodéba alilipa kwa njia nyingine, kwani akawa waziri na akafia katika gereza la Camp Boiro mwaka 1969, lakini kundi lilibaki, na nchi nyingi za Afrika ziliutazama mfano wake zilipounda makundi yao ya ngoma. Hapo ndipo naona kilichopungua katika kisa cha Benga. Kundi la densi haliwezi kuishi kwa uzuri wa mtu mmoja. Linahitaji chombo cha kulishika mtu huyo anapochoka, kiwe dola, chuo, mfuko au kampuni. Benga alizaliwa mapema mno kwa dola ya Kiafrika, na nje ya mtandao wa vyuo na mifuko. Alikuwa na ukumbi mmoja wa meza chache.

Alifariki mwaka 1957, miaka mitatu kabla ya Senegali kujitawala. Tarehe 1 Aprili 1966 Dakar ilifungua Tamasha la kwanza la Dunia la Sanaa za Watu Weusi, chini ya Rais Léopold Sédar Senghor, na kwa wiki tatu makundi ya ngoma kutoka sehemu mbalimbali za bara na ng'ambo yalicheza katika mji alikozaliwa. Katherine Dunham alikuwapo, akiwa mshauri wa maandalizi. Ukumbi mpya wa Daniel Sorano, uliojengwa mjini humo mwaka mmoja kabla, ulikuwa na taa, pazia na jukwaa lenye uso mmoja, na viongozi wa makundi waliingia mmoja baada ya mwingine, kila mmoja akiwa na duara lake la wachezaji, wakianza kupanga nani asogee pembeni ili watu walioko kwenye viti waone.